Jua ni Letu, Baraza Je?

Mwaka wa 1972, Umoja wa Mataifa ulipoamua kuwa makao makuu ya shirika lake la mazingira, UNEP, yawe Nairobi, Wakenya walijivunia. Hata hivyo, nyumba ile ilikuwa ya dunia nzima. Sisi tulikuwa wenyeji tu.

Ndiposa nauona Muungano wa Kimataifa wa Nishati ya Jua kuwa hatua ya mbele zaidi. India, ikishirikiana na Ufaransa, iliuzindua jijini Paris mnamo Novemba 30, 2015. Mlango ulifunguliwa kwanza kwa nchi zilizo baina ya Tropiki za Kansa na Kaprikoni, ambazo nyingi zina jua tele ilhali hazina fedha. Mkataba ulianza kutumika Desemba 6, 2017, baada ya mataifa 15 kuuidhinisha. Makao makuu yako Gurugram, karibu na Delhi.

Mnamo 2021 mlango ulipanuliwa kwa wanachama wote wa Umoja wa Mataifa. Marekani ikaingia mwaka huo huo, kisha Januari 2026 ikatangaza kujitoa. Je, baraza hili litayumba?

Jibu litatokana na michango ya wanachama wenyewe, kwani mtegemea cha nduguye hufa maskini. Nawasihi walimu walijadili suala hili darasani. Mwanafunzi anayedurusu kwa koroboi ana haki ya kuuliza kwa nini jua linalomchoma mchana halimwangazii usiku.