Je, Wajua? Binti wa Hay Alirithi Cheo Kimoja, Akanyimwa Kingine

Je, wajua kwamba kifo cha Josslyn Hay, mlowezi na mjumbe wa Baraza la Kutunga Sheria la Kenya, kilivitenganisha vyeo vya familia yake? Hay alikutwa amepigwa risasi ndani ya gari lake nje ya Nairobi, Januari 24, 1941. Wengi hubishana kuhusu muuaji tu. Jock Delves Broughton alishtakiwa, akaachiwa huru mwaka huohuo. Naona urithi wa Hay unafundisha zaidi. Hay alikuwa Earl wa 22 wa Erroll na pia Baron Kilmarnock, na mtoto wake pekee alikuwa Diana, wa miaka 15, aliyemzaa na Idina Sackville. Cheo cha Erroll, cha Uskoti tangu karne ya 15, kiliweza kurithiwa na mwanamke, kikawa cha Diana. Cha Kilmarnock, kilichoundwa 1831, kilikuwa cha wanaume peke yao, kikaenda kwa Gilbert, mdogo wake Hay, ambaye baadaye alichukua jina la ukoo la Boyd.

Basi si kweli kwamba ukale ndio uliowafungia wanawake mlango: hapa cheo kikongwe kilimkubali binti, kipya kikamkataa. Mtu atasema Uskoti nayo iliwatanguliza wanaume. Ni kweli, kwani Diana angekuwa na kaka, Erroll isingemfikia. Lakini sheria iliyomweka nyuma ya kaka si sawa na iliyomfuta kabisa. Hata hivyo, wanawake wenye vyeo vya kurithi kama yeye waliruhusiwa kuketi katika Baraza la Malodi mwaka 1963 tu.