Kimulot: Kijiji Kilichofichwa na Majanichai

Msomaji, ukifika Kimulot, Bomet, usitafute nyumba zilizopangana kando ya barabara. Kila boma limejitenga mlimani, limezungukwa na majanichai. Basi kijiji kiko wapi? Kiko kwenye kokwet, yaani ujirani wa Wakipsigis pamoja na baraza lake. Ng'ombe wa jirani akila mahindi yako, kesi huanzia hapo, kivulini, kabla ya kumfikia chifu.

Walowezi walipoanzisha mashamba makubwa ya chai Kericho miaka ya 1920, Wakipsigis wengi walipoteza ardhi. Kulima chai wenyewe wakangoja hadi miaka ya 1950! Leo wakulima wadogo husubiri bonasi. Lakini mashamba yanazidi kugawanywa, na wazee hawapumziki: mstari mmoja wa majanichai unatosha kuwakosanisha ndugu wa tumbo moja.