Kawawa wa Sinema: Kweli au Uongo?

Vanga ni mji wa mwisho Kenya; ukipita Jimbo tu, umeingia Tanzania. Habari za upande wa pili huzungumzwa barazani kama za nyumbani, na uongo wake nao huvuka mpaka bila pasi.

"Filamu za Tanzania zilianza na Kanumba." Uongo. Steven Kanumba alizaliwa 1984. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 Muhogo Mchungu ilikuwa imeshapigwa, kwa Kiswahili, na mchezaji mkuu alikuwa kijana wa Songea, Rashidi Mfaume Kawawa.

"Huyo ni Kawawa mwingine." Uongo tena, ingawa wapo watakaokula kiapo. Ni yuleyule Simba wa Vita, aliyepokea uwaziri mkuu Nyerere alipojiuzulu Januari 1962, kisha akawa Makamu wa Pili wa Rais. Kabla ya hayo alikuwa mtumishi wa serikali katika mambo ya maendeleo ya jamii, akizunguka vijijini na gari la sinema. Mwigizaji atapata wapi shule bora kuliko hiyo? Usiku baada ya usiku unaona watu wanacheka wapi, na wapi wanaanza kuondoka.

"Zilikuwa filamu za Watanganyika wenyewe." Nusu kweli. Sura zilikuwa zao, na lugha yao. Lakini aliyeagiza kazi ni serikali ya kikoloni, na waliotengeneza ni kampuni ya Afrika Kusini. Tazama na kisa chenyewe: mtu wa shamba anakwenda mjini, anatapeliwa. Ujumbe huo haukumuudhi mkoloni hata kidogo. Kawawa alicheza pia katika Chalo Amerudi, na mkono wake umo katika uandishi wa hadithi hizi. Mimi hapo ndipo ninapomvulia kofia: somo ni la mwajiri, ila mzaha na matamshi ni ya watu wake.

"Aliacha sinema akaingia siasa." Kweli, ila njia yake ilipitia kwa wafanyakazi. Aliongoza chama cha Waafrika walioajiriwa na serikali, na 1955 akawa Katibu Mkuu wa kwanza wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, TFL. Serikali iliyomlipa aigize ikajikuta inakaa naye meza moja kujadili mishahara.