Mgongo wa Mtoto na Namba ya Ugonjwa Wake



Katika mitaa yetu mtoto mwenye kasoro ya mgongo huitwa kwa jina moja tu: kilema. Wengine husema amerogwa, na mara nyingine hufichwa ndani. Mwezi huu twapenda kueleza kwa nini jina kamili la ugonjwa wake, pamoja na namba yake, ni msaada kwa mtoto huyo, wala si kazi ya makarani peke yao.

Sote twakifahamu kitabu cha ubatizo. Mtu aliyebatizwa Babati akitaka kufunga ndoa Mwanza, habari zake hupatikana kwa namba iliyo kwenye cheti. Hospitali nazo zina namba za magonjwa, na orodha yake ni moja kwa dunia nzima. Ilianza mwaka 1893 kwa kazi ya Mfaransa Jacques Bertillon, na sasa husimamiwa na Shirika la Afya Duniani. Toleo la 10 lilipitishwa mwaka 1990. Toleo la 11 lilianza rasmi mwaka 2022, lakini lile la 10 bado latumika mahali pengi.

Katika toleo la 10, kasoro za kuzaliwa nazo zimewekwa chini ya herufi Q. Tuchukue mfano wa watoto watatu katika mtaa kama Maisaka, hapa Babati mjini.

Wa kwanza amezaliwa na kifuko laini kiunoni, kwa kuwa uti wa mgongo haukufunikwa. Huu ni mgongo wazi, namba Q05. Tarakimu inayofuata huonyesha mahali palipo wazi, na kama kichwa kimejaa maji: Q05.2 ni kiunoni pamoja na kichwa maji, Q05.7 ni kiunoni bila kichwa maji.

Wa pili amezaliwa na mgongo uliopinda, kwa sababu pingili zake hazikuumbika sawasawa. Namba yake ni Q76.3.

Wa tatu alizaliwa mzima. Alipofika miaka sita alianza kukonda, kuumwa mgongo na kutoka kibiongo. Huenda ni kifua kikuu cha mifupa, namba A18.0.

Kwa macho ya jirani, wa pili na wa tatu ni vibiongo tu. Lakini wa tatu anahitaji upesi dawa za kifua kikuu, ambazo hutolewa bure, asije akapooza miguu. Wa pili dawa hizo hazimfai. Yeye afuatiliwe na daktari wa mifupa kadiri anavyokua. Na wa kwanza yafaa apasuliwe mapema, ikiwezekana katika siku 2 au 3 za kwanza. Basi, akitoka Hospitali ya Mrara kwenda KCMC Moshi au Taasisi ya Mifupa Muhimbili na barua isemayo tu "ana shida ya mgongo", wanaompokea hawakuweza kujiandaa, na siku zinapita.

Namba ina kazi ya pili, nayo ni hesabu. Kila mwezi vituo vya afya hujumlisha wagonjwa katika vitabu vya MTUHA. Mtoto aliyeandikwa "kilema", au asiyeletwa kabisa, hahesabiwi penye mgongo wazi. Wapasuaji na vifaa hupangwa kana kwamba hayupo.

Hesabu husaidia pia kinga. Utafiti ulioongozwa na Waingereza, uliotangazwa mwaka 1991, ulionyesha kwamba vitamini iitwayo foliki asidi, ikinywewa kabla ya mimba na mwanzoni mwake, huzuia sehemu kubwa ya mgongo wazi. Mgongo hufunga katika wiki nne za kwanza za mimba, mama akiwa hajajua bado. Tangu mwaka 2011 kanuni za Tanzania zahusu kuongeza vitamini hiyo katika unga wa viwandani. Lakini mahindi tunayosaga mashineni mtaani hayaongezwi kitu.

Kwa hiyo twashauri:

1. Mwanamke anayetarajia mimba aulize kliniki kuhusu foliki asidi mapema. Aliyewahi kuzaa mtoto wa mgongo wazi amwone daktari kwanza, maana kipimo chake ni kikubwa zaidi. Mbaazi, maharage na mboga za majani ni vyakula vizuri, ila peke yake mara nyingi havitoshi.

2. Mtoto akizaliwa na mgongo wazi, alazwe kifudifudi, kidonda kifunikwe kwa kitambaa safi chenye maji ya chumvi ya hospitali, apelekwe siku hiyo hiyo. Asipakwe dawa za kienyeji.

3. Wazazi waombe kwa heshima jina kamili la ugonjwa na namba yake viandikwe kwenye kadi na barua ya rufaa. Karatasi hizo zitunzwe kama cheti cha ubatizo.

4. Wazee wa jumuiya ndogondogo wakijua nyumba yenye mtoto aliyefichwa, waende kwa upole, wawasindikize wazazi hospitalini.

Mungu anamjua kila mtoto kwa jina. Nasi tuhakikishe hospitali inamwandika kwa ugonjwa wake hasa, ili apate tiba inayomfaa.