Gemu Limegoma Kufunguka? Usikimbilie Kupiga Windows

Ujumbe wenyewe ni mfupi: “Cannot find 800x600x32 video mode.” Unatokea katikati ya kioo ukiwa na kitufe kimoja tu cha OK. Ukikibonyeza, gemu linajifunga na unabaki unatazama picha ya ukutani ya Windows. Gemu lenyewe ni GTA San Andreas, lililotoka mwaka 2004 kwa PlayStation 2 na kufika kwenye kompyuta Juni 2005, na hadi leo vijana wanarithishana kwa flashi. Mwenye kompyuta akishausoma ujumbe huo huwa anafikia hitimisho moja kati ya mawili: gemu bovu, au kompyuta mbovu. Mara nyingi vyote ni vizima.

San Andreas likiwashwa kwa mara ya kwanza linataka picha yenye upana wa nukta 800 na urefu wa nukta 600, kwa rangi za biti 32. Halina habari na ukubwa wa kioo chako. Linaomba orodha ya vipimo ambavyo kadi ya picha inaweza kuvitoa, linatafuta hicho 800 kwa 600, na lisipokiona linasusa. Vice City, mtangulizi wake, hutafuta 640 kwa 480 na husema hivyo hivyo likikikosa.

Sasa inakuwaje kompyuta yenye kioo kikubwa kuliko hivyo ikose kipimo kidogo? Sababu ninayokutana nayo kuliko zote ndiyo inayonifanya niandike makala haya, kwa kuwa inaletwa na tiba yenyewe.

Jumamosi moja nilikuwa kwenye kibanda cha fundi mtaani, akaingia kijana na Dell Latitude, zile laptopu za ofisini zinazotujia zikiwa zimeshatumika Ulaya na Marekani. Wiki iliyotangulia alikuwa amepigiwa Windows mpya kwa sababu mashine ilikuwa nzito. Sasa ni nyepesi, lakini San Andreas halifunguki. Fundi hata hakuigeuza. “Iache hapo mdogo wangu, tutaipiga tena.” Kijana akashusha pumzi, fedha nyingine hiyo.

Nikaomba niishike kidogo. Dalili zilikuwa wazi hata kabla ya kufungua chochote: maandishi yalikuwa makubwa na yenye ukungu, alama za folda zimevimba, na dirisha likiburutwa lilikuwa linaacha mkia. Tukafungua Device Manager, tukateremka hadi Display adapters. Badala ya jina la Intel palikuwa na maneno “Microsoft Basic Display Adapter”. Hiyo ndiyo draiva ya dharura ambayo Windows huivaa isipoijua kadi ya picha iliyomo ndani; kwenye Windows 7 huitwa “Standard VGA Graphics Adapter”. Inatosha kukuonyesha kioo ili ufanye mambo mengine. Haitoshi kwa gemu: vipimo inavyovitoa ni vichache, na kazi ya kuchora picha za gemu haiwezi kuikabidhi kadi.

Chini ya Dell kuna kibandiko chenye Service Tag ya herufi na tarakimu saba. Ukiiandika kwenye tovuti ya Dell unaletewa draiva za mashine hiyo hasa. Tukaishusha ya picha kwa bando la simu, tukaisakinisha, tukawasha upya. Maandishi yakakaa sawa, alama zikapungua, na San Andreas likafunguka kana kwamba halijawahi kununa. Windows ingepigwa mara ya pili kwa mtindo uleule, bila draiva, ujumbe ungerudi uleule.

Kuna hali nyingine inayofanana na hiyo ila chanzo chake ni tofauti: gemu lilikuwa likicheza vizuri, ukabadilisha monita au ukahamishia diski kwenye mashine nyingine, na sasa kioo kinakuwa cheusi na kuandika “Out of range” au “Input not supported”. Hapo gemu linafunguka kabisa, na pengine unasikia muziki. Linachofanya ni kutuma picha ya kipimo, au ya kasi ya mapigo kwa sekunde, ambacho monita mpya haikiwezi. Mpangilio wa zamani umehifadhiwa kwenye faili dogo na gemu linautii tu. Kwa San Andreas faili hilo linaitwa gta_sa.set, nalo limo ndani ya Documents, kwenye folda ya GTA San Andreas User Files. Lifute. Gemu likiwashwa tena litajitengenezea jingine lenye mipangilio ya kiwandani. Ila tafadhali futa hilo faili peke yake, usifute folda nzima. Humo humo ndimo yanamokaa mafaili kama GTASAsf1.b na wenzake, ambayo ndiyo safari yako yote ya gemu uliyoisevu. Nimewaona watu wakitengeneza kioo na kupoteza miji yote ya gemu, Los Santos, San Fierro na Las Venturas, kwa kubofya mara moja.

PES, gemu la mpira, ina unafuu zaidi. Kwenye folda ya PES 2013, kwa mfano, kuna programu ndogo inayoitwa settings, nayo inafunguka nje ya gemu. Unachagua kipimo cha picha na kama unataka kioo kizima au dirisha, unasevu, kisha ndipo unawasha gemu. Anayelia kwamba PES yake inafunguka nyeusi mara nyingi hajawahi kuifungua programu hiyo tangu alipolinakili gemu kutoka kwenye flashi ya rafiki yake, na mpangilio wa mashine nyingine haukumfaa.

Ugomvi huu kati ya gemu na kioo una umri mkubwa kuliko wachezaji wengi. Mwaka 1987 IBM ilitoa kompyuta za PS/2 zikiwa na mfumo wa picha wa VGA, na kwa miaka mingi baadaye magemu ya DOS yalitegemea vipimo vyake: 640 kwa 480 kwa rangi 16, au 320 kwa 200 kwa rangi 256. DOOM ya Desemba 1993 ilichorwa kwa hicho cha pili. Gemu la enzi hizo lilikuwa linakitwaa kioo chote na kukitawala bila kumuuliza mtu. Mwaka 1995 Microsoft ikaleta DirectX, gemu likawa linaiomba Windows ruhusa ya kukimiliki kioo peke yake. Kwa nini ukibonyeza Alt na Tab katikati ya gemu la zamani wakati mwingine huwezi kurudi tena? Ni kwa sababu ya umiliki huo. Ukitoka, gemu linanyang’anywa kioo, na kama waliolitengeneza hawakulifundisha kukidai upya, linabaki jeusi au linazimika.

Tangu Vista, Windows imejipa kazi ya kupanga madirisha yote yenyewe, na magemu mengi mapya hayaombi umiliki tena. Yanajitandaza kama dirisha lisilo na fremu na kujaza kioo. Windows 10 inajaribu kuyatendea hivyo hata ya zamani. Mengi yanakubali, machache yanakwama au yanakatakata picha. Kwa hayo machache, bofya gemu kwa kitufe cha kulia, nenda Properties, kisha Compatibility, utie alama kwenye “Disable fullscreen optimizations”. Hapo hapo kuna kuliendesha kwa tabia ya Windows XP. Na gemu lililojaa kioo vibaya, jaribu kwanza Alt na Enter. Mengi hugeuka dirisha papo hapo, na ukiwa ndani ya dirisha unaweza kubadilisha mipangilio kwa utulivu.

Wapenzi wa Age of Empires II ya mwaka 1999 wanajua maajabu mengine: kwenye Windows 7 nyasi zinakuwa zambarau, maji yana madoa mekundu, na askari wana nyuso za rangi zisizo na jina. Hakuna kirusi hapo. Gemu hilo linatumia rangi 256 tu, zilizopangwa kwenye jedwali, na Windows Explorer, ile programu inayochora desktopu na upau wa chini, nayo inagusa jedwali hilo hilo. Wajanja waligundua kwamba ukiifunga explorer.exe kwenye Task Manager kabla ya kucheza, nyasi zinarudi kijani. Ukimaliza unaiwasha tena. Wengine waliacha dirisha la Screen Resolution wazi nyuma ya gemu, na jambo hilo hilo likawa. Tiba ya ajabu kweli, lakini ilifanya kazi. Siku hizi kuna njia ya heshima zaidi: dgVoodoo 2, programu ya bure inayopokea lugha ya picha ya zamani na kuitafsiria kadi za kisasa. Au nunua toleo jipya la 2019 kama mashine yako inalimudu.

Halafu kuna kero ya picha kuvutika, ambayo wengi wameizoea hata hawaioni. Monita za chogo zilikuwa na umbo la nne kwa tatu, na mionzi yake ilikuwa inachora mistari upya kwa kipimo chochote ulichozipelekea. Kioo bapa ni kama mkeka uliokwisha kushonwa: nukta zake zimehesabiwa kiwandani, hazipungui wala haziongezeki. Laptopu nyingi za ofisini za miaka ya 2010 zina 1366 kwa 768, umbo la kumi na sita kwa tisa. Ukiipelekea picha ya 800 kwa 600 inalazimika kuivuta, na kila kitu kinakuwa kipana zaidi kwa theluthi moja. CJ, mhusika mkuu wa San Andreas, hunenepa akila sana. Hapa amenenepa bila kula. Magurudumu ya gari yanakuwa mayai.

Dawa yake iko kwenye programu ya kadi ya picha, iwe Intel, NVIDIA au AMD. Tafuta mahali pa kupanga kioo, uchague picha itunze uwiano wake badala ya kujaza kioo. Utapata michirizi myeusi kulia na kushoto. Wapo wanaoichukia hiyo michirizi kuliko ugonjwa wenyewe, shauri yao. Anayetaka kioo kijae bila CJ kunenepa, kuna rekebisho la bure la mtengenezaji anayejulikana kwa jina la ThirteenAG, linaloyafanya magemu ya GTA ya zamani yaelewe vioo vipana.

Ukiunganisha kompyuta kwenye televisheni kwa HDMI, tatizo hugeuka: kingo za picha zinakatwa, ramani ya pembeni haionekani yote. Hayo ni mabaki ya enzi ya televisheni za chogo, zilizokuwa zikificha kingo kwa makusudi. Usihangaike na gemu. Chukua rimoti ya TV, ingia kwenye mipangilio ya umbo la picha, utafute “Just Scan” kwa LG au “Screen Fit” kwa Samsung. Na ukiwa hapo washa hali ya gemu, maana bila hiyo unabonyeza kupiga shuti na mguu unachelewa.

Wanaocheza kwenye laptopu ya kazini iliyozoea projekta wana kisa chao: gemu linaonekana limewaka chini kwenye upau, sauti ipo, picha haipo popote. Dirisha limefungukia kwenye kioo cha pili ambacho kimebaki ofisini. Shika kitufe cha Windows pamoja na Shift, ubonyeze mshale wa kushoto au wa kulia, litarudi.

Nimesema kuhusu picha inayogoma kukaa sawa kwenye kioo, niseme na kuhusu kuipunguza kwa makusudi. Mashine ikiwa dhaifu, kupunguza kipimo cha picha ni msaada mkubwa kuliko hila nyingi za kuongeza kasi zinazosambazwa mitaani. Picha ya 1920 kwa 1080 ina nukta zaidi ya milioni mbili za kuchorwa kila fremu. Ya 1280 kwa 720 ina 921,600, chini ya nusu. Ukungu kidogo utauona, lakini mpira utatembea. Na ukibadilisha kipimo ndani ya Windows kioo kikawa cheusi, usibonyeze chochote. Baada ya sekunde 15 kitarudi kilivyokuwa chenyewe.

Mafundi wetu siwalaumu kwa kupenda kupiga Windows. Ni kazi wanayoijua, inachukua muda unaoeleweka, na mteja anaona kitu kimefanyika. Lakini kwa tatizo la gemu na kioo ni kuvunja nyumba kwa sababu kitasa kimekwama. Kwa hiyo ukipeleka mashine, muulize fundi maswali mawili kabla hajaigusa: draiva ya picha ni ya nani, na faili la mipangilio ya gemu liko wapi? Asiyeyajibu, rudi na laptopu yako nyumbani. Na kabla ya kumwachia yeyote, nakili folda ya Documents kwenye flashi.