Kimeng'enya Kinapoamka

Haya wanangu, sikilizeni. Ukipanda mlima mbio, misuli ya mapaja hutumia nguvu kwa kasi kubwa. Nguvu hiyo hutoka kwenye kemikali iitwayo ATP. Ikitumika huacha mabaki, na mojawapo huitwa AMP. Ndani ya seli yumo mlinzi wa ghala anayefuatilia mabaki hayo: kimeng'enya AMPK. AMP ikizidi, huamka na kuamrisha sukari iingie msulini, mafuta yachomwe, na ujenzi wa vitu vipya usubiri.

Mwaka 1996, Grahame Hardie wa Chuo Kikuu cha Dundee, Scotland, na William Winder wa Marekani walionyesha kwamba AMPK huamka kwenye misuli ya panya wanaokimbia. Mwaka huohuo timu ya Dundee ikabaini alama ya kuamka kwake: fosfati hunasa kwenye asidi amino ya 172, katika mnyororo wenye asidi amino zaidi ya 500.

Kitu kidogo hivyo utakionaje? Hapo ndipo nampendea sungura. Hudungwa kipande kifupi cha AMPK chenye fosfati ileile. Mwili wake hukiona kigeni, ukatengeneza kingamwili za kukishika. Nyingine, hata hivyo, hushika kipande hata kisipokuwa na fosfati, na hizo zingetudanganya. Basi damu ikishachukuliwa, kingamwili hupitishwa juu ya vipande visivyo na fosfati. Zinazonasa hapo huachwa, tunazozitaka hupita.

Msuli nao una hila zake. Ukikatwa tu, hukosa oksijeni, AMPK ikaamka hata kama mnyama alikuwa amelala. Ndiyo maana mtafiti huugandisha papo hapo kwa naitrojeni ya kimiminika, yenye baridi ya nyuzi -196.

Kisha husagwa, na protini zake hutenganishwa kwa umeme ndani ya jeli: ndogo hutangulia, kubwa hubaki nyuma. Huhamishiwa kwenye utando mweupe. Kabla ya kumimina kingamwili, utando hufunikwa kwa protini nyingine ili kingamwili isigande ovyo. Wengi hutumia maziwa ya unga, lakini maziwa yana kaseini, protini iliyojaa fosfati. Kwa kazi hii wengine huchagua albumini ya damu ya ng'ombe.

Kingamwili ya pili, iliyobeba kimeng'enya cha kutoa mwanga, huishika ile ya kwanza. Picha ikipigwa, mstari hutokea. Msuli uliokimbia ukiwa na mstari mzito kuliko uliopumzika, msishangilie bado! Huenda una AMPK nyingi tu. Mtafiti hupima tena kwa kingamwili inayoshika AMPK yote, iliyolala na iliyoamka. Mistari ya AMPK yote ikilingana, basi kweli mbio ndizo zilizoiamsha.