Saratani ya Matiti: Picha Peke Yake Haitoshi

Wapo wanaodai kwamba dawa ya saratani ya matiti ni kuipatia kila wilaya mashine ya mamogramu, yaani eksirei iliyotengenezwa mahsusi kwa kupiga picha za matiti. Dai hilo lina nia njema. Lakini kwa wakazi wa Ukerewe, Ukara, Kome na visiwa vingine vya Ziwa Victoria, sisi tunaona kwamba swali la kwanza silo la mashine.

Hatukatai faida yake. Mashine hiyo huweza kuuona uvimbe kabla haujafikia kiasi cha kuguswa kwa mkono, na ugonjwa ukigunduliwa mapema matumaini ya kupona huwa makubwa. Ndiyo maana Uingereza ilianzisha mpango wa taifa wa uchunguzi huo mwaka 1988, na sasa wanawake wa miaka 50 hadi 71 huitwa kila baada ya miaka mitatu.

Hata hivyo, faida hiyo ina gharama. Mwaka 2012 jopo la wataalamu chini ya Sir Michael Marmot liliupima mpango huo na kukadiria kwamba, kati ya wanawake 10,000 wanaoitwa kwa miaka 20 tangu wafikapo umri wa miaka 50, vifo 43 huepushwa. Lakini wengine 129 hukutwa na saratani ambayo isingewadhuru maishani mwao. Kwa kuwa hakuna daktari awezaye kuwatambua, nao hutibiwa kama wagonjwa wengine. Wapo pia wazima wanaotiwa hofu bure na picha yenye shaka, na wagonjwa ambao picha haiwaoni. Hili la mwisho huwapata zaidi wanawake wenye umri mdogo, kwa kuwa nyama ya matiti yao ni nzito na huuficha uvimbe. Nao ndio wengi katika nchi yetu.

Isitoshe, wengi wa wagonjwa wetu hufika hospitali ugonjwa ukiwa katika hatua ya tatu au ya nne. Uvimbe wa namna hiyo haukuhitaji mashine ili uonekane. Mwenyewe aliugusa miezi mingi iliyopita. Kilichokosekana ni njia ya kumfikisha kwa daktari.

Tumfikirie mama wa Ukara aliyegusa uvimbe leo. Avuke kutoka Bwisya hadi Bugolora, apande gari hadi Nansio, kisha meli hadi Mwanza. Alipe nauli, yake na ya msindikizaji, atafute pa kulala, na awaache watoto na shamba. Akiambiwa arudi baada ya wiki kadhaa kuchukua majibu ya kipande cha nyama kilichokatwa, je, atarudi? Hospitali ya Bugando, iliyofunguliwa mwaka 1971, sasa hutibu saratani hata kwa mionzi, na hiyo ni hatua kubwa kwa Kanda ya Ziwa. Lakini tiba iliyo ng'ambo ya maji haimfai asiyeweza kuvuka.

Mwaka 2014 Shirika la Afya Duniani lilishauri kwamba nchi zenye huduma haba zianze kwa kuwatambua mapema wenye dalili. Nako Mumbai, India, wanawake waliofunzwa kazi hiyo waliwapima wenzao kwa mikono kila baada ya miaka miwili. Matokeo yaliyotangazwa mwaka 2021 yalionyesha kwamba vifo vya wenye miaka 50 na zaidi vilipungua kwa karibu asilimia 30, ingawa kwa wenye umri mdogo zaidi nafuu haikuonekana.

Kwa hiyo twawaomba viongozi wa Mkoa na Halmashauri waanzie hapo. Kila zahanati ya kisiwani iwe na mhudumu aliyefunzwa kupima matiti. Mwenye uvimbe apewe barua ya rufaa na msaada wa nauli. Vipimo vyake vyote vikamilike katika siku 60, kama Shirika hilo lilivyoshauri mwaka 2023. Mashine ije, lakini ije pamoja na fundi wa kuitunza, mtaalamu wa kuisoma picha na tiba ya atakayekutwa mgonjwa. Bila hayo, itamjulisha mama msiba wake na kumwacha nao.

Kwa wananchi twasema hivi: uvimbe usiouma si uvimbe salama. Chuchu ikizama ndani au kutoa damu, ngozi ya titi ikikunjamana, nenda zahanati wiki hiyo hiyo. Nanyi akina baba mnaoshika fedha za dagaa na sangara, nauli ya mke wako isisubiri msimu ujao. Wahenga walitufundisha kwamba kawia ufike. Katika ugonjwa huu, akawiaye huenda asifike.